Aibu ya Maiti na Macho ya Walio Hai: Maadili ya Kusambaza Picha za Waliokufa Katika Maafa

Utangulizi

Tarehe 15 Januari 2019, washambuliaji wa kundi la al-Shabaab waliivamia hoteli ya DusitD2 na majengo ya ofisi yaliyopakana nayo katika eneo la Riverside jijini Nairobi. Watu 21 waliuawa, mbali na washambuliaji wenyewe. Katika habari zake za kwanza kuhusu uvamizi huo, gazeti la The New York Times la Marekani lilitoa kwenye tovuti yake picha iliyowaonyesha baadhi ya waliouawa, miili yao ikiwa imeinamia meza walizokuwa wameketi. Wakenya wengi walighadhibika, na Baraza la Vyombo vya Habari la Kenya likataka picha hiyo iondolewe. Gazeti nalo lilijitetea kwa kusema kwamba lilikusudia kuwapa wasomaji taswira ya kweli ya unyama uliotendeka, na kwamba huyapima matukio ya aina hii kwa uangalifu ule ule popote yatokeapo.

Swali lililoulizwa kwa sauti kubwa zaidi siku hizo ni hili: je, gazeti hilo lingethubutu kuzichapisha picha za Wamarekani waliokufa katika hali kama ile? Swali hilo lina uzito wake. Itakumbukwa kwamba picha ya mtu aliyekuwa akianguka kutoka kwenye jumba la World Trade Center, New York, tarehe 11 Septemba 2001, ilichapishwa kesho yake na magazeti kadhaa ya Marekani, The New York Times likiwamo. Wasomaji wengi walilalamika, na kwa muda mrefu baada ya hapo vyombo vya habari vya huko viliikwepa picha hiyo. Lakini swali la usawa baina ya mataifa, hata likijibiwa kwa namna ya kuwaridhisha Wakenya, halimalizi tatizo. Laiti gazeti hilo lingewachapisha maiti wa kila taifa bila ubaguzi, lingekuwa limetenda usawa. Lisingekuwa limethibitisha kwamba limetenda haki. Isitoshe, ghadhabu iliyoelekezwa New York iliyapita bila kuyatazama mambo yanayotendeka nyumbani. Tangu simu zenye kamera zienee, ni nadra kutokea ajali ya barabarani, moto au shambulio nchini Kenya bila picha za waliokufa kupita kutoka simu hadi simu, zikipelekwa na watu ambao hawana gazeti wala mhariri.

Makala haya yanadhamiria kulichunguza swali lililo chini ya hayo yote: ni nani aliye na haki ya kumtazama mtu aliyekufa katika maafa, na ni kwa sharti gani anaweza kumwonyesha kwa wengine? Inatetewa hapa kwamba haki hiyo haitokani na ukweli wa tukio, wala udadisi wa jicho, wala hata huruma peke yake. Hutokana na kazi ambayo mtazamaji amejitwika kwa ajili ya aliyekufa. Wazo hili si geni. Limehifadhiwa katika methali za Kiswahili zinazomhusu mtu ambaye wanafalsafa wa picha hawajamjali sana, yaani mwosha maiti.

Mwosha na Kile Anachokijua

Methali husema: aibu ya maiti aijuaye ni mwosha. Aghalabu methali hii hutumiwa kwa njia ya istiari, kumaanisha kwamba siri za mtu hujulikana na yule aliye karibu naye. Ikisomwa kwa maana yake ya wazi, hata hivyo, inabeba madai matatu ya kimaadili. Kwanza, maiti ana aibu. Kifo hakimwondolei mtu jambo la kusitiriwa; kinamwondolea uwezo wa kujisitiri mwenyewe. Pili, aibu hiyo hujulikana, na haina budi ijulikane, kwa kuwa mwili hauwezi kuoshwa na mtu aliyefumba macho. Tatu, anayeijua ameijua kwa sababu anaosha. Ujuzi wake umekuja pamoja na kazi, na nje ya kazi hiyo asingekuwa na njia halali ya kuupata.

Sarufi ya lugha inaunga mkono dai la kwanza. Wapo wasemao kwamba maiti imeokotwa, kana kwamba wanataja kitu. Lakini wahenga waliosema kuwa maiti haulizwi sanda walitumia upatanisho wa kisarufi wa mtu. Katika methali hiyo maiti ni mtu asiyeulizwa, na kwa kuwa haulizwi, walio hai hubeba jukumu zima la kumwamulia. Kadhalika kitenzi kusitiri hutumiwa kwa mambo mawili ambayo lugha nyingine huyatenga. Mtu husitiriwa anapofichiwa aibu yake, na husitiriwa anapozikwa. Kwa mzungumzaji wa Kiswahili, basi, kuzika ni tendo la mwisho katika mfululizo wa matendo ya kumfunika mwenzake; si kazi ya kuuondoa mwili machoni kwa ajili ya usafi tu.

Desturi za Waislamu wa pwani hulitekeleza jambo hili kwa utaratibu ulio wazi. Maiti huoshwa mahali pa faragha na watu wachache, kwa kawaida wanaume kwa wanaume na wanawake kwa wanawake, na tupu yake hufunikwa hata wakati wa kuoshwa. Mafunzo ya dini yanamtaka mwosha ayafiche mabaya aliyoyaona. Ushuhuda wake unaishia pale pale chumbani.

Huenda ikapingwa kwamba huu ni mfano wa jamii moja, na kwamba katika sehemu nyingi za bara la Kenya waombolezaji hupita mbele ya jeneza lililo wazi wakamtazama marehemu kwa mara ya mwisho. Pingamizi hilo lina ukweli, lakini likichunguzwa linaimarisha hoja badala ya kuibomoa. Maiti anayetazamwa katika mazishi hayo amekwisha kutayarishwa: ameoshwa, amevishwa, uso umetengenezwa. Ni jamaa zake walioamua atazamwe, na wao ndio wanaojua ni wakati gani jeneza lifungwe. Zaidi ya hayo, anayetazama naye hutazamwa. Hupita mbele ya mjane na watoto huku macho yao yakiwa juu yake, na hawezi kucheka, wala kukodoa macho, wala kusimama pale kupita kiasi. Kwa hiyo tofauti haimo baina ya jamii zinazoficha na zisizoficha. Imo baina ya kutazama kulikofungwa na wajibu na kutazama kusikofungwa na chochote. Mtu anayeifungua picha ya maiti kwenye simu yake yuko katika hali ya pili. Anaona asiyemwona, na wafiwa hawajui kwamba yupo.

Methali ya pili ni fupi zaidi: mwosha huoshwa. Kwa kawaida huchukuliwa kuwa onyo kwamba amtendaye mwenzake naye atatendwa. Pamoja na onyo hilo, methali inaeleza mahali anaposimama mwosha anapotazama. Yeye hamtazami maiti kama mtu wa aina nyingine, aliyepatwa na jambo lisiloweza kumpata yeye. Anautazama mwili ambao siku moja utakuwa wake, akimtendea mwenzake vile atakavyohitaji kutendewa. Utazamaji wa namna hii una mambo mawili: kazi ya kutenda sasa, na kujiona katika nafasi ya anayetendewa. Mambo haya mawili ndiyo mizani itakayotumiwa katika sehemu zinazofuata.

Maiti Katika Sanaa na Maiti Katika Picha

Mhakiki wa fasihi ana sababu maalumu ya kulishughulikia swali hili, kwa kuwa fasihi imejaa maiti na hakuna anayeilaumu. Aristotle, katika sura ya nne ya Poetics, alitambua kwamba watu hufurahia kuziona taswira kamilifu za vitu ambavyo wakiviona vyenyewe huwaumiza, na mojawapo ya mifano yake ni maiti. Sababu aliyoitoa ni kwamba binadamu hujifunza kwa uigaji, na kujifunza kunampendeza. Yeyote anayetetea usambazaji wa picha za maafa kwa madai kwamba zinafundisha anaweza kudhani kwamba amepata wakili mkubwa.

Wakili huyo hamfai, kwani taswira anayoizungumzia Aristotle ni kazi ya kuiga. Mhusika anayekufa katika tanzia hana mama aliyeketi miongoni mwa hadhira akisubiri simu. Aibu yake haimwangukii mtu yeyote, na kwa hiyo mtunzi yu huru kuionyesha kadiri sanaa inavyodai. Hata kwa uhuru huo, tanzia za Kiyunani ziliviweka vifo vingi nje ya jukwaa. Mjumbe alikuja kusimulia, ingawa pengine mwili wenyewe uliletwa baadaye ili uliliwe. Karne kadhaa baadaye, Horace wa Roma naye alishauri kwamba Medea asiwaue wanawe mbele ya macho ya watazamaji. Ikiwa sanaa, ambayo haimdhuru maiti yeyote wa kweli, iliona haja ya kujizuia, ni muhali kuutumia uhuru wa sanaa kama kibali cha kamera. Picha ya maafa haiigi mtu. Inamchukua yeye mwenyewe, katika saa ambayo hakuweza kukubali wala kukataa.

Mfano wa karibu zaidi ni Al-Inkishafi, utenzi wa Sayyid Abdalla bin Ali bin Nasir kuhusu kuanguka kwa fahari ya Pate. Mtunzi hakusita kutaja yanayoupata mwili wa binadamu kaburini. Wadudu wamo, na uozo umo. Ukali wa taswira hizo unaweza kushindana na picha yoyote ya leo. Lakini utenzi huo unauhutubia moyo wa mtunzi mwenyewe. Mabwana wa Pate wanatajwa ili moyo huo uyaone yatakayoupata. Kwa maneno mengine, mtunzi anasimama pale anaposimama mwosha: anayatazama ya kutisha akijua kwamba yanamhusu. Picha inayopitishwa kwenye simu kwa kawaida huelekea upande mwingine. Inasema, tazama yaliyowapata wale. Hadhira yake hubaki salama upande wa huku wa kioo, na usalama huo ni sehemu ya mvuto wake.

Kwamba mvuto huo upo si jambo la kukanushwa. Katika kitabu cha nne cha Republic, Plato anasimulia habari za Leontius, aliyekuwa akipanda kutoka bandari ya Piraeus akaona maiti wamelala karibu na mnyongaji. Alitamani kutazama, akajizuia, akajifunika uso. Mwishowe alishindwa, akawakimbilia akiwa ameyakodoa macho huku akiyalaani macho yake mwenyewe. Kisa hiki kina faida kwa mjadala wa leo kwa sababu kinatenga mambo ambayo msambazaji wa picha huyachanganya. Leontius hakudai kwamba anatazama ili atoe taarifa, au ili jamii izinduke. Alijua kwamba ametawaliwa na hamu, na akaionea haya. Mtu wa kisasa amejipatia msamiati unaomwezesha kuridhisha hamu ile ile bila haya: huita kuhabarisha, huita kuelimisha, huita kuomboleza.

Hoja ya Ukweli

Hata hivyo, lipo pingamizi moja lenye nguvu kuliko mengine yote, nalo halipaswi kupitwa haraka. Inasemekana kwamba lugha ya sitara ni lugha inayopendwa na wenye mamlaka. Mwuaji naye hutaka maiti wafunikwe. Historia ya Kenya inatoa ushahidi wa kutosha. Mnamo Februari 1984 wanaume wa jamii ya Wadegodia walikusanywa na vikosi vya usalama katika uwanja wa ndege wa Wagalla, karibu na Wajir, na wengi wakauawa. Kwa miaka mingi hesabu rasmi ilikuwa vifo 57, hesabu ambayo walionusurika hawakuikubali kamwe. Hapakuwa na picha za kutangazwa magazetini, na kutokuwapo kwake hakukuwa heshima kwa waliokufa. Kulikuwa ni sehemu ya dhuluma waliyofanyiwa. Tena, tarehe 15 Januari 2016, kambi ya wanajeshi wa Kenya ilishambuliwa huko El Adde, nchini Somalia. Serikali iliwaonya wananchi dhidi ya kusambaza picha za wanajeshi waliouawa, kwa kuwa kufanya hivyo kuliwavunjia heshima marehemu na kuwafaidi maadui. Onyo hilo lilikuwa na msingi, kwani kundi lililoshambulia lilikuwa likitumia picha hizo kama silaha. Lakini serikali hiyo hiyo haikuwaeleza wananchi waziwazi idadi ya waliokufa. Hivyo heshima na kimya vilifungwa katika kitambaa kimoja.

Nje ya Afrika kuna kisa cha Emmett Till, kijana Mmarekani mweusi wa miaka 14 kutoka Chicago, aliyeuawa kikatili na wabaguzi huko Mississippi mnamo Agosti 1955. Mama yake, Mamie Till, alikataa jeneza lifungwe. Alitaka watu waione sura ya mwanawe jinsi ilivyoharibiwa, na picha yake ikachapishwa katika jarida la Jet. Wengi huihesabu picha hiyo miongoni mwa mambo yaliyolitia nguvu vuguvugu la kudai haki za raia. Je, mwenye kushikilia maadili ya mwosha atamlaumu mama huyo?

Hatamlaumu, na sababu za kutomlaumu zinadhihirisha maana kamili ya hoja. Mamie Till alikuwa mwenye msiba. Hakuna mtu mwingine duniani aliyekuwa na haki kubwa zaidi ya kuamua juu ya sitara ya mwanawe, na alipoiondoa alikuwa akimtendea mwana huyo kazi: kuwazuia wauaji kujificha nyuma ya kifuniko cha jeneza. Pia alibaki pale. Aliliweka jina la mwanawe pamoja na uso, akasimama kando ya jeneza, akatoa ushahidi mahakamani. Picha hiyo haikutupwa ulimwenguni bila mtu wa kuijibia. Yote hayo yalikuwa aina ya kuosha, ijapokuwa kwa kufunua.

Kutokana na kisa hiki, na kutokana na Wagalla, inabainika kwamba kusitiri si sawa na kuficha. Mwosha huificha aibu ya maiti. Haifichi sababu ya kifo chake. Akiona jeraha la kisu katika mwili unaodaiwa kufa kwa homa, uaminifu kwa maiti unamdai aseme. Sitara ya maiti isigeuzwe kuwa sitara ya mwuaji. Lakini kusema huko kuna anwani. Ushahidi hupelekwa kwa wale wenye wajibu wa kuutendea kazi: mchunguzi, mahakama, tume, mwandishi anayehakiki, mwanahistoria anayehifadhi. Pale ambapo milango hiyo yote imefungwa na kifo chenyewe kinakanushwa, kuutangazia umma kunaweza kuwa njia iliyobaki, na hapo ridhaa ya wafiwa, kadiri inavyoweza kupatikana, ndiyo kibali cha kwanza. Msiba wa Riverside haukuwa wa namna hiyo. Hakuna aliyekanusha kwamba watu waliuawa, na wauaji wenyewe walijigamba. Picha ya maiti mezani haikufichua uongo wowote. Ukweli ulikuwa tayari umejulikana. Kilichoongezwa ni aibu.

Hoja ya Huruma

Pingamizi la pili husema kwamba bila picha, maafa hubaki tarakimu, na tarakimu hazilizi. Susan Sontag alilishughulikia suala hili mara mbili. Katika On Photography, kitabu cha mwaka wa 1977, alidai kwamba kuziona picha za mateso mara kwa mara hutia ganzi. Katika Regarding the Pain of Others, cha mwaka wa 2003, alilitilia shaka dai lake mwenyewe, akaona kwamba tatizo la huruma ni kukosa tendo la kuitekeleza, kwani huruma isiyopata la kufanya hunyauka. Alitambua pia kwamba kadiri nchi inavyokuwa mbali na mtazamaji, ndivyo maiti wake wanavyoonyeshwa bila kufunikwa, jambo ambalo Wakenya walilisema kwa maneno yao mwaka wa 2019. Zaidi ya hayo, alipendekeza kwamba huenda wenye haki ya kuzitazama picha za mateso makali ni wale wanaoweza kuyapunguza mateso hayo au kujifunza kutokana nayo.

Hapa Sontag anakaribia sana hekima ya methali, lakini haifikii. Kigezo chake ni manufaa: je, mtazamaji anaweza kusaidia? Katika maafa yaliyokwisha kutokea, mtu mbali hana msaada wowote kwa aliyekufa, na kigezo hicho hakimwachii nafasi ila ya kugeuza uso. Mwosha naye hana uwezo wa kumponya maiti. Hata hivyo ana wajibu kwake. Wajibu huo hauishi pale uwezo wa kuokoa unapokwisha. Kwa hakika ndipo unapoanza. Kwa hiyo kuna mambo ambayo mtu anaweza kumtendea aliyekufa hata akiwa mbali, na la kwanza kati yake ni kutomvua nguo.

Ama kuhusu dai kwamba huruma haiwezi kuamka bila picha, historia ya Nairobi inalikanusha. Tarehe 7 Agosti 1998 bomu lililipuliwa katika ubalozi wa Marekani katikati ya jiji. Watu 213 walikufa na maelfu wakajeruhiwa, na jengo la Ufundi lililokuwa jirani likaporomoka. Picha nyingi za siku ile zilionekana, nyingine za kutisha mno. Lakini kumbukumbu iliyowagusa Wakenya kwa kina kuliko nyingi ni ya mwanamke mmoja aliyenaswa chini ya vifusi vya jengo hilo. Alisikika akizungumza. Mtu mwingine aliyenaswa karibu naye na kuokolewa alisimulia jinsi walivyokuwa wakipeana moyo gizani. Waokoaji walichimba kwa siku kadhaa, na taifa likafuatilia saa kwa saa. Walipomfikia alikuwa amekwisha kufa. Taifa lilimlilia kwa sababu ya sauti iliyosimuliwa. Halikuhitaji kuuona mwili wake. Katika bustani ya ukumbusho iliyojengwa mahali palipokuwa na ubalozi, waliokufa wameorodheshwa ukutani kwa majina.

Jambo linalofanana na hilo lilitokea baada ya shambulio la Chuo Kikuu cha Garissa, tarehe 2 Aprili 2015, ambapo watu 148 waliuawa, wengi wao wanafunzi. Picha za miili ya vijana hao zilisambazwa kwa wingi. Wakati huo huo, Wakenya waliotumia mitandao walianzisha kampeni iliyotumia idadi iliyotangazwa awali, 147, wakisisitiza kwamba waliokufa si nambari tu. Walikusanya majina, na picha za vijana hao wakiwa hai, wakitabasamu, wakiwa wamevaa nguo walizozichagua wenyewe. Makundi hayo mawili ya picha yalisafiri katika njia zile zile na kwa kasi ile ile. La kwanza lilionyesha walichofanyiwa na wauaji. La pili lilionyesha ni nani waliouawa. Mtu aliyeliona la kwanza tu aliwaona wanafunzi hao jinsi wauaji walivyotaka waonekane. Hakuna hoja ya huruma inayoweza kulitetea kundi la kwanza dhidi ya la pili.

Kushiriki na Kusambaza

Msamiati wa Kiswahili unaotumiwa kwa tendo lenyewe unastahili kuchunguzwa. Katika lugha ya teknolojia, kumpelekea mwenzako picha kumeanza kuitwa kushiriki. Lakini kushiriki msiba, kwa maana iliyozoeleka, ni kwenda. Ni kuketi na wafiwa, kutoa rambirambi, kuteka maji, kupika, kulala matangani, kushika jembe kaburini. Kila kitendo kati ya hivyo kina gharama fulani kwa mtendaji na nafuu fulani kwa mfiwa. Kupeleka picha ya maiti hakuna gharama kwa mpelekaji, na kwa mfiwa hakuna nafuu. Neno lifaalo zaidi ni lile jingine, kusambaza, ambalo hutumiwa kwa bidhaa, kwa uvumi na kwa maradhi.

Msambazaji anaweza kujitetea kwamba yeye hakuipiga picha, na kwamba ilikuwa imekwisha kuenea alipoipata. Utetezi huo unamkana kuwa mtendaji. Nadharia ya fasihi imefundisha kwa muda mrefu kwamba kusimulia upya ni kutunga: anayerudia hadithi huchagua msikilizaji, wakati na mkazo, na kwa hiyo huijibia. Anayepeleka picha kwa kundi la watu 200 amechagua hadhira, na hawezi kujua kama ndani ya hadhira hiyo yumo dada wa marehemu ambaye bado hajapewa habari. Sheria haimfikii vizuri mtu huyu. Katiba ya Kenya ya mwaka wa 2010 inatambua katika kifungu cha 28 kwamba kila mtu ana hadhi inayopaswa kuheshimiwa, na kanuni za maadili ya uanahabari zinawaonya wanahabari dhidi ya kuingilia majonzi ya wafiwa. Lakini kanuni hizo zinamfunga mwanahabari. Mwenye simu hana mhariri wa kumkataza, kwa hiyo hana budi kuwa mhariri wa nafsi yake, na maswali anayopaswa kujiuliza ni yale ya mwosha. Je, nina kazi gani na mtu huyu aliyekufa? Ninayempelekea ana kazi gani naye? Na huyu angekuwa mimi, ningetaka nani anione hivi?

Hitimisho

Makala haya yamejaribu kuonyesha kwamba mgogoro wa kimaadili kuhusu picha za waliokufa katika maafa hauwezi kutatuliwa kwa kupambanisha ukweli na heshima, kana kwamba jamii inalazimika kuchagua kimoja. Mwosha anavishika vyote viwili. Anauona ukweli wa mwili bila kupepesa, na anaulinda mwili huo dhidi ya macho yasiyo na kazi nao. Daktari, mchunguzi, mpigapicha wa habari anayehifadhi ushahidi, mama anayekataa jeneza lifungwe: wote hao wanaweza kuwa waosha, kila mmoja kwa wajibu wake na kwa kuwajibika kwa jina lake. Asiye na wajibu wowote ana njia nyingine za kuomboleza, na lugha yake imemwekea: jina, hadithi, sauti, na safari ya kwenda matangani.

Linabaki tatizo moja ambalo methali hazikulikabili. Mwosha wa zamani alitoka chumbani na siri yake, na siku moja akafa nayo. Picha haifi. Iliyotolewa leo kwa nia njema, kwa ridhaa ya wafiwa na kwa ajili ya haki, yaweza kesho kuokotwa na mtu asiyejua jina la maiti wala kisa chake, akaitumia kwa jambo jingine kabisa. Kwa hiyo hata anayefunua kwa haki anafanya jambo asiloweza kulirudisha. Hilo halimkatazi kufunua pale uongo unapowazika watu mara ya pili. Linamtaka afanye hivyo kwa mkono mzito, akijua kwamba siku yake ya kulazwa mbele ya mwosha nayo inakuja, na kwamba siku hiyo hataulizwa.